UZI: Tom Crean, daktari mwanaraga aliyepigwa risasi mbili akiwa anafunga vidonda vya wenzake

Mleta uzi

Wakuu habari za muda huu. Leo naleta uzi wa mtu ambae huku kwetu hatajwi kabisa, na hata kwao Ayalandi ukisema Tom Crean wengi wanamfikiria yule baharia aliyekwenda kwenye barafu ya kusini na kina Scott na Shackleton. Huyo ni mwingine, wa kule Kerry. Wangu mimi ni Thomas Joseph Crean wa Dublin, daktari, mchezaji wa timu ya taifa ya raga ya Ayalandi miaka ya 1890, halafu afisa wa jeshi aliyevaa nishani ya Victoria Cross, ile nishani ya juu kabisa ya ushujaa vitani kwa Waingereza. Nitashusha kwa vipande, mwenye swali aulize katikati.

Kazaliwa Dublin tarehe 19 Aprili 1873, kwenye familia ya Kikatoliki yenye uwezo wake, akasoma Belvedere na Clongowes Wood, shule za mapadri wa Kijesuiti. Mwaka 1891, ana miaka 18 tu, kuna kijana wa miaka 20 alikuwa anazama baharini pale Blackrock nje kidogo ya Dublin, Crean akaingia majini akamtoa, na lile shirika la Royal Humane Society likampa tuzo. Naomba mlishike hili tukio manake mimi maisha yote ya huyu mtu nayasoma kuanzia hapo. Watu wanamwandika kama mwanaraga shujaa, mpiganaji, jitu la futi 6 na inchi 2, kilo kama 95, sawa yote kweli, lakini kitu alichokuwa anakifanya tena na tena ni kimoja, akimwona mtu anakufa anamfuata.

Baada ya shule akaingia chuo cha madaktari wa upasuaji cha Dublin, huku anacheza raga klabu ya Wanderers. Alikuwa fowadi, na pamoja na ule mwili alikuwa na mbio, kitu ambacho enzi zile fowadi hakutegemewa kuwa nacho kabisa, kazi yao ilikuwa kusukuma skramu, lile kundi la watu wanaosukumana kugombea mpira, na kuuburuza mpira kwa miguu.

Kobe_Mkavu

Nimeweka kambi hapa mkuu, tiririka. Ila hebu tuambie kwanza, kwenye raga alikuwa mkali kweli au amepata jina kwa sababu ya nishani tu?

Mleta uzi

Alikuwa mkali kweli kweli. Ayalandi ilikuwa timu ya kufungwa fungwa miaka mingi, halafu 1894 ndo Crean anaingia, mechi yake ya kwanza Blackheath kule London wanamfunga Uingereza 7-5. Wakamfunga Uskoti 5-0 Dublin, wakamfunga Wales 3-0 Belfast, yaani ndugu zao wote watatu wa visiwa vile ndani ya msimu mmoja. Ayalandi hawakuwahi kufanya hivo tangu waanze kucheza. Mwaka 1895 wakapoteza zote tatu, wakachekwa, na 1896 wakarudi kuwa mabingwa, wakamfunga Uingereza 10-4 kule Leeds, suluhu bila kwa bila na Uskoti, na Wales wakalala 8-4. Crean alicheza mechi 9 za taifa, misimu mitatu, ubingwa mara mbili. Siku zile hakuna mechi za kila wiki kama sasa, kwaiyo 9 ni nyingi.

Na 1896 ndo anamaliza udaktari. Wenzake wanafungua vyumba vya kutibia Dublin, yeye anapanda meli kwenda Afrika Kusini na timu ya Visiwa vya Uingereza, hawa tunaowaita Lions leo ingawa hilo jina halikuwepo bado.

Mtaa_wa_Ngong

Hapo sasa umenigusa boss. Mimi raga nimekua nayo, na hao Lions walipita kwetu Nairobi 1955 wakacheza na East Africa pale uwanja wa RFUEA ikaisha 39-12, wakarudi tena 1962 wakatuchapa 50-0. Lakini hio ya 1896 sikuwa naijua. Ilikuwaje?

Mleta uzi

Asante kwa hizo namba mkuu, na wewe utapenda nitakachoandika hapo chini kuhusu Carey, mmoja wa kikosi kile.

Kikosi kilikuwa watu 21, na kati yao 9 ni wa Ayalandi, ambayo ilikuwa ajabu, manake ziara za nyuma Waayalandi walikuwa wa kuhesabu. Kapteni ni Johnny Hammond, Mwingereza aliyekuwa ameshaenda kule 1891, lakini umri ulishamtembelea, kwaiyo Crean ndo aliongoza timu kwenye mechi nyingi kuliko kapteni mwenyewe. Walicheza mechi 21, wakashinda 19, suluhu moja, wakapoteza moja. Mechi za taifa zilikuwa nne: Port Elizabeth 8-0, Johannesburg 17-8, Kimberley 9-3, zote zao. Ya nne, tarehe 5 Septemba 1896, pale Newlands Cape Town, Afrika Kusini wakashinda 5-0, na huo ni ushindi wa kwanza kabisa wa Afrika Kusini kwenye mechi ya kimataifa. Siku hiyo ndo walivaa jezi ya kijani kwa mara ya kwanza, kapteni wao Barry Heatlie alikuwa na jezi za klabu yake ya zamani zikavaliwa hizo hizo, na mpaka leo Springboks, timu yao ya taifa, ni kijani. Kwaiyo hata kwenye kushindwa Crean alikuwepo kwenye historia.

Ile suluhu ni na Western Province, 0-0. Kabla ya mechi walialikwa chakula cha mchana kwenye jumba la Groote Schuur, shampeni inamwagika, Crean akawaambia vijana wake kwa ukali kabisa kwamba leo mechi ni ngumu, mtu asizidishe bilauri nne. Nne, na mechi ni mchana huo huo! Hiki kisa amekisimulia mwenzao Walter Carey, ambae baadae alikuwa askofu wa Bloemfontein, na ndo aliyewatungia klabu ya Barbarians ile kauli yao maarufu kuhusu raga na uungwana. Huyu Carey uzeeni alifika Kenya mkuu, na mwaka 1953 akatoa kitabu kuhusu hali ya Kenya wakati wa Mau Mau. Aliandika kuhusu Crean kwa mapenzi makubwa sana, unaona kabisa mtu anamkumbuka rafiki yake wa ujana.

Ziara ilipoisha wenzao wakarudi, Crean na Robert Johnston, Mwayalandi mwenzake wa klabu hiyo hiyo ya Wanderers, wakabaki. Crean akapata kazi hospitali ya Johannesburg. Mji ndo unafumuka kwa dhahabu, watu wanaingia kutoka kila kona ya dunia, ajali za migodini kila siku, daktari kijana wa upasuaji pale hakosi kazi.

Bwana_Ramani

Mkuu uzi mzuri ila hapa naomba tusipite haraka. Hiyo Johannesburg ilikuwa nchi ya Makaburu, Jamhuri ya Transvaal. Hao wageni wa dhahabu ndo walioleta chokochoko na Uingereza ikapata sababu ya kuvamia. Sasa daktari wako, Mwayalandi ambae nchi yake yenyewe inatawaliwa na Mwingereza, anakwenda kuvaa sare ya Mwingereza kumpiga Kaburu, na weusi wenye ardhi wako katikati wanakanyagwa na wote wawili. Ushujaa wa nani hapo?

Mleta uzi

Swali la haki kabisa na nilikuwa nalisubiri.

Kwanza kweli yote uliyosema. Oktoba 1899 vita inaanza, na kikosi alichojiunga nacho kinaitwa Imperial Light Horse, askari wa farasi, kimeundwa na hao hao wageni wa Johannesburg. Sio jeshi la kawaida kutoka London, ni watu waliokuwa na ugomvi wao na serikali ya Kruger, rais wa Transvaal. Na Crean hakuingia kama daktari, aliingia askari wa kawaida na bunduki. Mimi hilo silifichi wala silipendi. Daktari anaacha kisu anachukua bunduki kwenye vita ya dhahabu, hapo kwangu ana deni.

Pili Waayalandi walikuwa pande zote mbili. Upande wa Makaburu kulikuwa na kikosi cha Waayalandi, John MacBride akiwa mmoja wa viongozi wake, nao walikuwepo kwenye kuuzingira mji wa Ladysmith wakati Waayalandi wenzao wako ndani wanashindia nyama ya farasi. MacBride huyo Waingereza walimpiga risasi Dublin Mei 1916 baada ya yale mapinduzi ya Pasaka. Kwaiyo kijana wa Dublin wa 1899 alikuwa na njia mbili, na Crean alichagua hii. Waliosoma shule kama ya kwake wengi walikuwa wanaona maisha yao yako kwenye dola ile, udaktari wa jeshi, uhakimu, utumishi India. Hiyo ndo hali ilivyokuwa.

Na kuhusu weusi uko sahihi kupita kiasi. Waingereza walipoanza kuchoma mashamba na kuwaweka watu kwenye kambi walikufa wanawake na watoto wa Kikaburu zaidi ya 26,000, na kwenye kambi za weusi, ambazo kwa miaka mingi hakuna aliyezitaja, walikufa sio chini ya 14,000. Ukisoma habari za nishani za vita ile bila kusoma hizo kambi umesoma nusu.

Bwana_Ramani

Sawa nimekuelewa, nilitaka hilo lisemwe tu. Endelea.

Mleta uzi

Tarehe 21 Oktoba 1899, vita ina siku 10 tu, mapigano ya Elandslaagte karibu na Ladysmith. Makaburu wamekamata stesheni ya reli, Waingereza wanapanda mlima kuwatoa, mvua kubwa, waya za mashamba zimewazuia, kanali wa Imperial Light Horse anauawa pale. Watu wakaanza kusita kwa sababu risasi zinatoka karibu mno, ndo Robert Johnston na afisa mwingine Charles Mullins wakatoka mbele peke yao wakawainua watu, wakazunguka ubavuni. Wote wawili wakapewa Victoria Cross. Crean naye alikuwepo na akajeruhiwa. Na mjue, ndugu wa huyu Mullins, Cuthbert, alikuwa kwenye ile timu ya 1896. Yaani ile timu ya raga imetapakaa kwenye ule mlima.

Crean akapona, kikosi chake kikawa ndani ya Ladysmith ilipozingirwa siku 118, kisha wakaenda kuukomboa mji wa Mafeking Mei 1900. Akapandishwa kuwa kapteni, na katikati ya 1901 ndo akarudishwa kwenye kazi yake, akawa kapteni daktari wa kikosi. Mimi hapa ndo namwona amerudi nyumbani.

Sasa tarehe 18 Desemba 1901, sehemu inaitwa Tygerkloof Spruit, kati ya Bethlehem na Harrismith, huko Orange Free State. Vita imeshageuka ya msituni, Makaburu hawapigani tena kwa mstari, wanatokea ghafla na farasi wanapiga wanapotea, na bingwa wao ni Christiaan de Wet. Siku hiyo De Wet anaushambulia msafara ambao Imperial Light Horse wamo. Majeruhi wanaanguka pale pale mstari wa mbele, adui yuko yadi 150, hazifiki mita 140, na uwanda wenyewe hauna pa kujificha. Na bunduki ya Mauser mikononi mwa Kaburu aliyewinda tangu utotoni, umbali huo hakosi mtu.

Crean yuko pale kwa magoti, anafunga vidonda. Akapigwa risasi. Hakurudi nyuma, akaendelea kuhudumia akiwa na jeraha lake, majeruhi huyu, anahamia kwa yule. Akapigwa ya pili, ndo akaanguka, na waliokuwepo walidhani amekufa. Maelezo rasmi ya nishani yaliyotoka Februari 1902 yanasema hivyo hivyo, kwamba aliacha tu alipopigwa mara ya pili, na kwamba mwanzoni ilidhaniwa jeraha ni la kifo.

Wakuu, De Wet alirudishwa nyuma siku hiyo, lakini wiki moja baadae, usiku wa Krismasi, akaimaliza kambi nyingine ya Waingereza pale Groenkop jirani. Kwenye mpango wa vita Tygerkloof haikubadilisha kitu. Kilichobaki cha maana pale ni wale waliofungwa vidonda.

nesi_wa_zamu

Mleta uzi nimesoma hiki kipande mara mbili. Mimi niko kwenye majeruhi kazini, sio vitani, hospitali ya kawaida tu, naomba niongeze kitu ambacho watu wasio wa fani hawakioni. Kumfunga mtu anaetoka damu nyingi lazima utulie, mikono isitetemeke, unabana, unahesabu, unaangalia rangi ya mtu. Mwili wako mwenyewe ukiwa na maumivu akili yote inakimbilia kwenye maumivu yako, huwezi kuona kidonda cha mwingine. Kwaiyo mtu kufanya kazi hiyo wakati yeye mwenyewe anavuja damu, hapo ni zaidi ya ujasiri, ni mafunzo yameingia mpaka kwenye mifupa pamoja na huruma. Nimemheshimu sana huyu daktari.

Mleta uzi

Dada asante sana, umelisema vizuri kuliko mimi.

Mwisho wa maisha yake ndo unaniuma. Alirudishwa Uingereza mgonjwa, Machi 1902 Mfalme Edward VII akamvisha nishani mwenyewe pale St James's. Akaingia rasmi kikosi cha madaktari wa jeshi akiwa kapteni, 1905 akaoa binti wa Kihispania, Victoria Heredia, wa Malaga, wakapata mtoto wa kike na wa kiume. Mwaka uliofuata akatoka jeshini akafungua kazi yake London, Harley Street, mtaa wa madaktari wakubwa.

1914 vita kuu inaanza, ana miaka 41, ana mke na watoto na wagonjwa wenye pesa, akarudi. Akawa na kikosi cha farasi Ufaransa, akajeruhiwa tena si mara moja, 1915 akapewa nishani nyingine, DSO, 1916 akawa meja, na akaongoza Field Ambulance ya 44. Usisikie ambulance ukafikiria gari, ni kikosi kizima cha tiba, wabeba machela wanaokwenda kuokota watu mbele, vituo vya kufunga vidonda, mpaka mtu afike hospitali ya nyuma. Wingi wa majeruhi wa Ufaransa miaka ile kila mtu anaujua. Mtu aliyekwenda kumtoa mmoja majini Blackrock sasa anaongoza kazi ya kutoa mamia.

Baada ya vita mwili ukagoma. Wagonjwa wake walishahamia kwa madaktari wengine miaka ile aliyokuwa mbele, afya inashuka, madeni yanapanda, 1922 akatangazwa mufilisi. Mwenye Victoria Cross na DSO, mufilisi! Tarehe 25 Machi 1923 akafariki nyumbani kwake Mayfair, kwa kisukari, ana miaka 49, akazikwa makaburi ya Wakatoliki ya St Mary's, Kensal Green.

nesi_wa_zamu

1923? Kwa kisukari? Jamani, si ndo insulini ilikuwa imeshagunduliwa?

Mleta uzi

Ndo hapo dada. Sindano ya kwanza ya insulini alichomwa mtoto wa miaka 14 Toronto Januari 1922. Crean amefariki miezi 14 baadae. Na 1923 hiyo hiyo kina Banting, waliogundua insulini, wakapewa Nobel. Sisemi ingemponya, mwili ule ulikuwa na mengi, ila inaniuma, mtu amenusurika risasi za De Wet na mizinga ya Ufaransa halafu anaondoka wakati dawa ndo kwanza inaingia sokoni.

nesi_wa_zamu

Na sisi tunao wagonjwa leo, 2000 na ushee, wanakosa hiyo hiyo insulini kwa bei. Wacha niishie hapo.

Kobe_Mkavu

Mkuu hivi kuna kiunganishi chochote na huku kwetu Tanganyika? Manake naona majina ya Makaburu hapo, na Arusha tulikuwa nao.

Mleta uzi

Kwa Crean mwenyewe hapana. Ila kwa vita yake kipo. Baada ya kushindwa 1902 baadhi ya Makaburu walihama, wengine wakaja maeneo ya Arusha na Meru chini ya Wajerumani, wengine Eldoret kule Uasin Gishu. Na jenerali Smuts, aliyekuwa anawapiga Waingereza 1901, mwaka 1916 analetwa na Waingereza hao hao kuongoza vita dhidi ya Wajerumani wa Lettow-Vorbeck hapa kwetu, wakaingia kupitia Moshi. Kwenye jeshi lile alikuwemo Jackie Morkel, mchezaji wa Springboks, na alikufa huku huku Mei 1916. Hakuuawa na risasi, ni ugonjwa wa kuhara damu. Malaria na kuhara viliwamaliza watu kuliko Wajerumani, na wapagazi wetu ndo waliokufa wengi zaidi ya wote, ila huo ni uzi mwingine na nitauleta.

Mtaa_wa_Ngong

Leta boss, Carrier Corps, kile kikosi cha wapagazi, ilibeba babu za watu wengi hapa. Swali la mwisho, hao wanaraga wa kimataifa wenye Victoria Cross wako wangapi jumla?

Mleta uzi

Ninaowajua wanne. Johnston wa Elandslaagte, aliishi mpaka 1950 akafariki Kilkenny. Crean. Frederick Harvey, Mwayalandi aliyehamia Canada, aliipata Machi 1917 Ufaransa akiwa na jeshi la Canada. Na Arthur Harrison wa Uingereza, mwanamaji, aliuawa Zeebrugge, Ubelgiji, Aprili 1918. Hao watatu wa Ayalandi wote wamepitia klabu moja, Wanderers ya Dublin. Kati ya wote wanne, aliyeipata akiwa na bandeji mkononi ni Crean peke yake.